Hizo si chenga, mjomba

"Mjomba, mbona runinga mpya hivi ina chenga?"

Mgeni wangu, ambaye tunaitana mjomba, hakuwa amemaliza hata dakika tano. Kwenye skrini ilikuwa La battaglia di Algeri, filamu ya mwaka 1966 kuhusu vita vya ukombozi wa Algeria, nyeusi na nyeupe, kwenye diski ya Blu-ray niliyokuwa nimeisifia kupita kiasi kabla hajaketi. Alinyoosha kidole kwenye ukuta mweupe nyuma ya wanajeshi wa Kifaransa. Kweli, ukuta ule haukutulia. Ulikuwa ukichemka polepole, vinukta vidogo vikizaliwa na kufa kila mahali. "Hizo si chenga, mjomba," nikamjibu. Akanitazama kama mtu aliyeuziwa mbuzi kwenye gunia.

Sikumlaumu. Neno chenga limekaa vichwani mwetu tangu enzi za antena, na chenga za antena ni kasoro kweli: mawimbi hayakufika sawasawa, seti ikajaza pengo kwa vurugu. Chembe za filamu ni kitu kingine. Filamu ni utepe wa plastiki uliopakwa utando wa jelatini, na ndani ya utando huo kuna fuwele ndogo mno za chumvi za fedha. Mwanga ukigusa fuwele, dawa za maabara huigeuza kuwa nukta nyeusi ya fedha. Kwenye filamu ya rangi, fedha huondolewa baadaye na kila nukta huacha kijiwingu cha rangi mahali pake. Fuwele hizo hazikupangwa kwa mistari kama pikseli, zile nukta za skrini. Zimetawanyika ovyo, na kila fremu ina mtawanyiko wake. Pitisha fremu 24 kwa sekunde mbele ya macho, ukuta mweupe utachemka.

Kwa hiyo chembe hazikai juu ya picha kama vumbi juu ya meza. Zenyewe ndizo picha. Mshono wa kofia, ndevu za siku tatu, jasho la mdomo wa juu, vyote vimejengwa kwa chembe hizo hizo. Huwezi kuzipangusa ukabaki na uso.

Ukishalielewa hilo, swali jingine linalowasumbua wengi hujibika karibu lenyewe: filamu iliyopigwa miaka 60 iliyopita inawezaje kuwa HD, yaani picha ya ukali wa juu, wakati HD haikuwepo? Ni kwamba filamu siku zote ilikuwa na maelezo mengi kuliko runinga ilivyoweza kuonyesha. DVD ilikuwa na upana wa pikseli 720. Blu-ray, iliyoingia sokoni mwaka 2006, ina pikseli 1920 kwa 1080. Diski ya 4K, iliyofuata mwaka 2016, ina 3840 kwa 2160, yaani nukta zaidi ya milioni 8. Negativu, yaani utepe halisi wa kamera, ya upana wa milimita 35 iliyopigwa kwa lenzi nzuri inaijaza 1080 bila jasho na bado ina cha kuipa 4K. Negativu ya milimita 65, waliyoitumia matajiri wa miaka ya 1950 na 1960, ina eneo la takriban mara tatu ya hiyo. HD haiiongezei filamu ya zamani kitu chochote. Inapunguza tu kile kilichokuwa kikipotea njiani.

Na njiani palikuwa parefu. Negativu, ule utepe uliokuwa ndani ya kamera siku ya kupiga picha, haikupelekwa kwenye majumba ya sinema. Ilikuwa na thamani mno. Kwenye negativu mwanga na giza vimegeuzwa, basi maabara iliichapisha kuwa positivu ya kati, ambayo huvirudisha sawa, kutoka humo ikatengenezwa negativu ya pili, na kutoka hiyo ya pili ndipo zikatoka nakala za kusambazwa. Kila hatua ilikula kidogo: ukali wa mistari ukalegea, vivuli vikaziba, chembe za kizazi kimoja zikarundikana juu ya za kingine. Watazamaji wengi wa zamani, pamoja na uzuri wote wa skrini kubwa, waliona kitukuu cha negativu. Skani ya leo ikifanywa kutoka negativu ya kwanza, tunaketi na babu mwenyewe.

Babu naye ana makunyanzi yake. Mafundi wa madoido waliotundika ndege za mfano kwa waya walijua fika kwamba kitukuu hakitauonyesha waya. Waliochora milima kwenye ubao nyuma ya vifaru walijua ukungu wa nakala ungeunganisha rangi ya ubao na udongo halisi. Leo waya unaonekana, na ubao unaonekana kuwa ubao. Filamu zilizochanganya matukio ya kuigiza na picha halisi za vita ndizo zinazoumbuka zaidi. Midway ya mwaka 1976 iliazima vipande vya mapigano kutoka filamu nyingine na picha halisi za wakati wa vita, na kwenye HD kila mshono unajitangaza: ndege moja inabadilika ukali, rangi na hata aina ndani ya shambulio moja. Kuna na matukio ya usiku yaliyopigwa mchana. Zamani walipiga jua likiwaka, kisha maabara ikatia giza wakati wa kuchapisha. Anayetengeneza diski asipoijua siri hiyo huiacha picha na mwanga wake wa kamera, na wewe unabaki ukijiuliza askari wanaonyatia kambi saa sita za mchana wanajificha nini.

Jambo moja unaweza kulithibitisha mwenyewe bila kifaa chochote. Chukua filamu yoyote ya zamani iliyosafishwa vizuri, usubiri mahali ambapo tukio linayeyuka na kuingia jingine, sura ya kamanda ikififia na ramani kujitokeza. Usiangalie kuyeyuka kwenyewe. Tazama sekunde chache kabla. Ghafla picha inalegea, chembe zinanenepa, weusi unageuka kijivu. Ramani ikishatulia na picha kukatwa, ukali unarudi mara moja. Sababu ni kwamba kuyeyusha kulifanyika maabara: vipande viwili vilipigwa picha upya kwenye utepe mmoja, na utepe huo ukaunganishwa katikati ya negativu. Ni mjukuu aliyeketishwa safu moja na babu. Ukishalizoea hili utaanza kutabiri kila badiliko la tukio kabla halijatokea, na kama una ulimi mrefu utawaudhi wote mnaotazama nao. Mimi nimeshapigwa marufuku.

Basi, kama HD njema ni ile inayokaribia negativu, HD mbaya inatoka wapi? Mara nyingi inatoka kwa mtu mwenye nia njema aliyesikia malalamiko kama ya mjomba wangu. Mfano unaotajwa hadi leo ni Patton ya mwaka 1970, filamu kuhusu jenerali wa Kimarekani mwenye jina hilo. Ilipigwa kwa negativu ya milimita 65, kwa hiyo mali ghafi ilikuwa ya kifalme. Blu-ray yake ya kwanza, ya mwaka 2008, ilipitishwa kwenye programu ya kuondoa chembe, na wapo walioisifu: safi, imetulia, inang'aa. Kisha watu wakasogea karibu. Ngozi ya George C. Scott, steringi mwenyewe, ilikuwa kama nta. Programu ile hulinganisha fremu moja na inayofuata, na kinachobadilika kwa udogo hukihesabu kuwa takataka. Haina namna ya kujua kipi ni chembe na kipi ni kinyweleo cha shavuni. Mwaka 2012 ilitolewa upya kutoka kazi mpya, na sura ya jenerali ikarudishiwa vinyweleo vyake.

Hila nyingine ni pacha wa hiyo. Picha ikishalainishwa huonekana imefifia, basi fundi huichochea ukali kwa kompyuta, na kila kitu cheusi kinapata mstari mweupe pembeni. Tafuta mstari huo kwenye mtutu wa bunduki dhidi ya anga au kwenye bega la sare nyeusi. Ukiuona, haukuwepo kwenye negativu. Usisahau pia kwamba maandishi kwenye jalada hayasemi ni kitu gani kilichoskaniwa. Diski nyingi za HD zilitokana na skani kuukuu zilizoandaliwa enzi za DVD, na skani kuukuu hata ukiivalisha kanzu mpya inabaki kuukuu.

Turudi Algiers, maana filamu ya mjomba ndiyo inayolikoroga jambo hili vizuri. Mwongozaji Gillo Pontecorvo na mpiga picha wake Marcello Gatti walitaka filamu ifanane na taarifa ya habari iliyopigwa mitaani risasi zikilia. Hawakuridhika na negativu safi. Walichapisha positivu, wakatengeneza negativu nyingine kutoka humo, kwa makusudi, ili chembe zinenepe na tofauti ya mwanga na giza iwe kali. Yaani ule uharibifu wa vizazi ambao maabara nyingine zilijitahidi kuukwepa, wao waliufanya kuwa rangi yao ya kupakia. Walifanikiwa kiasi kwamba ilipotolewa Marekani iliwekewa tangazo kwamba hakuna hata futi moja ya picha za habari iliyotumika. Ilipofanyiwa usafishaji wa 4K mwaka 2016, kazi iliyoongozwa na Cineteca di Bologna, hifadhi ya filamu ya Italia, mikwaruzo iliondolewa na chembe zikaachwa. Mkwaruzo uliingia kwa ajali. Chembe ziliitwa. Mtu anayeinunua akitarajia picha laini kama ya mechi ya jana amenunua kitu ambacho waliotengeneza filamu walikikimbia.

Tuseme sasa nakala ni njema. Bado inapaswa kukufikia, na hapa njia zinatofautiana kuliko matangazo yanavyokiri. Blu-ray inaweza kubeba hadi megabiti 40 za picha kwa sekunde, na diski ya 4K inaweza kupita 100. Huduma za kutiririsha filamu kwa intaneti hutuma 4K kwa megabiti 15 hadi 25 hivi. Neno ni lile lile, mzigo ni robo au chini ya hapo. Kubana huko hufanya kazi kwa kubashiri: fremu inayofuata huwa inafanana na hii, basi tuma tofauti tu. Mtangazaji aliyeketi mezani hubashirika kwa urahisi. Chembe hazibashiriki, kwa kuwa kila fremu ina mtawanyiko mpya. Ongeza moshi, vumbi, mvua, mawimbi ya bahari, majani yanayopeperushwa na helikopta. Hakuna aina ya filamu inayoutesa mfumo wa kubana kama filamu ya vita. Mzigo ukizidi, moshi unageuka vigae vya mraba na giza la handaki linakuwa ngazi-ngazi za kijivu. Hapo mjomba angekuwa na haki ya kusema chenga. Baadhi ya huduma zinatumia mbinu ya AV1, mfumo mmoja wa kubana video, ambayo huondoa chembe kabla ya kutuma, hutuma maelezo mafupi ya jinsi zilivyokuwa, na kifaa chako hutengeneza za kufanana nazo. Ni chembe za kughushi, ila zimeghushiwa kwa adabu, na kwa kweli zinadanganya vizuri.

Kisha kuna runinga yenyewe, ambayo ikitoka kiwandani huwa imewashwa kila kitu. Kosa kubwa kuliko yote ni ule mpangilio wa kulainisha mwendo, ambao kila kampuni imeupa jina lake la kupendeza. Unabuni fremu ambazo hazikupigwa na kuzipachika katikati ya zilizopigwa. Kuona ubaya wake, chukua matukio ya wanajeshi wa Marekani kutua Omaha Beach, ufukwe wa Ufaransa, kwenye Saving Private Ryan ya mwaka 1998. Ndani ya kamera kuna shata, kisahani kinachozunguka kikifungua na kufunga njia ya mwanga. Kwa kawaida hufunguka nyuzi 180, na kila fremu hupata mwanga kwa 1/48 ya sekunde, muda wa kutosha kwa mkono unaopunga kuacha kijukungu ambacho jicho hukitumia kuunganisha fremu na fremu. Mpiga picha Janusz Kamiński aliibana hadi nyuzi 90, na mahali pengine 45. Kwa nyuzi 45, fremu inapata 1/192 tu ya sekunde. Kijukungu kikatoweka. Punje za mchanga zinazorushwa na bomu zikasimama hewani moja moja, na wanajeshi wakawa wanakwenda kwa kukatika-katika, kama dunia inaruka mapigo.

Sasa runinga yenye kulainisha inaupokea mkatiko huo, inaona ni hitilafu, inaujaza. Askari wanateleza majini kama waigizaji wa tamthilia ya mchana. Hofu yote ya ufukwe ule ilikaa kwenye mapengo, na mapengo yamezibwa. Zima. Punguza pia ukali wa picha karibu na sifuri, kwa sababu unaongeza ule mstari mweupe niliousema, na uondoe kipunguza chembe. Runinga nyingi za miaka ya karibuni zina kitufe cha Filmmaker Mode, kilichotangazwa mwaka 2019, kinachofanya haya yote kwa mkupuo mmoja. Picha itaonekana hafifu na ya njano-njano dakika kumi za kwanza. Vumilia, jicho litazoea.

Mistari myeusi juu na chini nayo si hitilafu. Skrini ya runinga ina uwiano wa 1.78 kwa 1, na filamu nyingi pana za vita zilipigwa kwa 2.35 hivi. Ikionyeshwa nzima, karibu robo ya skrini inabaki nyeusi. Ukibonyeza kitufe cha kukuza ili ijae, unakata karibu robo ya upana, na kwenye filamu ya vita robo hiyo huwa na kikosi kizima. Hata wakubwa waliwahi kukata: Vittorio Storaro, mpiga picha wa Apocalypse Now, filamu ya vita vya Vietnam, alitaka nakala za nyumbani ziwe na uwiano wa 2 kwa 1, na DVD zikatoka hivyo. Upana wote ulirejea kwenye Blu-ray ya mwaka 2010. Namheshimu sana mzee huyo, lakini hapo alikosea.

Umbali wa kukaa ni hesabu tu. Jicho zuri hutenganisha vitu vilivyoachana kwa 1/60 ya digrii. Kwa runinga ya inchi 55, pikseli za 1080 zinaacha kutofautishika ukiwa mita 2.2 hivi, na za 4K ukiwa mita 1.1. Anayekaa mita nne nyuma na kulalamika kwamba haoni tofauti yoyote anasema kweli. Upande wa mwanga, HDR, teknolojia inayopanua tofauti ya mwanga na giza, ina faida kwenye vivuli, ila mlipuko unaokufanya ufumbe macho si wa mwaka 1962. Skrini ya sinema hung'aa kama niti 48, niti ikiwa kipimo cha mng'ao. Runinga za HDR zinaweza kufika 1000 na zaidi.

Kuhusu sauti sitakaa sana, ingawa inastahili makala yake. Ukiona unaongeza sauti kwenye mazungumzo na kupunguza kwenye mizinga, diski haina kosa: mchanganyiko ule uliandaliwa kwa ukumbi mkubwa, na spika nyembamba za runinga haziwezi kuubeba. Spika moja ya katikati yenye heshima hutibu zaidi ya nusu ya ugonjwa. Filamu ya zamani ikija na mkondo wa sauti asilia wa mono, yaani wa njia moja tu, pamoja na ule uliopanuliwa, mimi huchagua mono, maana katika upanuzi milio ya bunduki hubadilishwa mara nyingi kwa ya kisasa. Apocalypse Now haihusiki hapo. Fundi wake wa sauti Walter Murch aliipangia sauti yake mwaka 1979 izunguke pande zote za mtazamaji, nyuma kushoto na nyuma kulia zikiwa tofauti, na helikopta ya mwanzo kweli inapita mgongoni. Angalia tu umechukua toleo lipi: kuna la 1979, kuna refu la 2001 linalozidi saa tatu na robo, na la 2019 la saa tatu hivi, lililotokana na skani ya 4K ya negativu ya kwanza.

Mjomba alirudi wiki iliyofuata. Safari hii niliweka Lawrence of Arabia ya mwaka 1962, negativu ya milimita 65, iliyoskaniwa kwa 8K na kumaliziwa kwa 4K kwa ajili ya miaka yake 50. Aliikagua anga ya jangwa kwa muda mrefu, mikono kifuani. "Hapa hakuna chenga," akakubali. Zipo, ila kwenye negativu pana kiasi hicho ni laini kama unga, nami sikutaka kumharibia.

Tukafika kisimani. Lawrence na kiongozi wake wa njia wamesimama, wakitazama upeo unaotetemeka kwa joto. Mpiga picha Freddie Young aliipiga sehemu hii kwa lenzi ndefu ya milimita 482, na kwa muda hakuna chochote isipokuwa mchanga na kile kinachofanana na maji. Mjomba alisogea mbele ya kiti. Akanyoosha kidole tena, safari hii katikati ya skrini, kwenye kinukta cheusi kisichozidi ncha ya sindano.

"Na ile pale? Uchafu?"

"Subiri," nikamwambia.

Kinukta kikatetemeka, kikarefuka, kikapata miguu. Ni Omar Sharif juu ya ngamia.